Aliahidi ndoa, akaingia mitini: wenzetu India wanasemaje?

Najua nimepotea humu. UE zilinibana, halafu bumu likachelewa, na mwanafunzi mwenye njaa haandiki kitu. Leo nimerudi na mada iliyonikosesha usingizi wiki nzima. Haikuanzia darasani. Ilianzia chumbani kwetu Jumanne usiku, tukiwa wanne tumezunguka sufuria ya maharage (msiulize tunapikia nini, wadeni wa hosteli naye anaweza kuwa msomaji wa hapa).

Mmoja wetu alikuwa anasimulia kesi ya India aliyoisoma: daktari kijana kafungwa miaka saba kwa ubakaji. Hakumpiga binti, hakumshikia kisu, hakumwekea kitu kwenye soda. Alimwambia atamuoa, wakalala pamoja, kisha akaoa mwingine. Basi bwana, chumba kikagawanyika. "Ebo! Huo nao ubakaji? Si uongo wa kawaida wa wanaume huo?" Mwingine akadakia, "Wafungwe wote, na magereza yaongezwe." Tulicheka mpaka jirani akagonga ukuta. Mmoja tu ndiye hakucheka. Taa zilipozimwa akaniuliza taratibu, "We si ndo unasoma sheria? Mimi ningekuwa India, ningesema nilibakwa au nilidanganywa?"

Sikuwa na jibu. Nikamwambia mwaya nipe siku kadhaa nitaangalia. Nimeangalia. Ni marefu, jipatie chai kabisa.

Kwanza historia kidogo. Miaka ya 1830 Waingereza waliokuwa wakiitawala India kupitia Kampuni yao ya biashara walimpa Thomas Macaulay na wenzake kazi ya kuandika kanuni moja ya adhabu. Rasimu ilikuwa tayari mwaka 1837. Ikakaa kabatini. Ikakaa tena. Ukaja uasi mkubwa wa 1857, Kampuni ikanyang'anywa utawala, na ndipo mwaka 1860 rasimu ile, ikiwa imeshakarabatiwa, ikapitishwa kuwa sheria. Ilianza kutumika tarehe 1 Januari 1862. Macaulay alikuwa ameshafariki Desemba 1859, kwa hiyo hakuiona kazi yake ikitumika hata siku moja. Sisi tunaosubiri matokeo ya semista tusilalamike sana.

Na kabla hujauliza ya Wahindi yanatuhusu nini, kanuni hiyohiyo Waingereza waliibeba wakaja nayo huku. Mahakama zao za Zanzibar, Kenya, Uganda na Tanganyika zilikuwa zikihukumu kwa kanuni ya adhabu ya India, mpaka Kenya, Uganda na Tanganyika zilipotungiwa kanuni zao mwaka 1930, na Zanzibar mwaka 1934. Babu wa babu yako akiiba mwaka 1925 pale Tanga, angeweza kufungwa kwa kifungu kilichotungwa Calcutta.

Sasa kanuni hiyo iligusa habari ya mwanamke kudanganywa sehemu tatu, na ugomvi wote umetokea hapo.

Sehemu ya kwanza imo ndani ya kifungu cha 375, kinachosema ubakaji ni nini. Kuna kipengele kinachosema hata kama mwanamke amekubali, bado ni ubakaji ikiwa mwanaume anajua kwamba yeye si mume wake, na anajua kwamba mwanamke amekubali kwa kudhani kuwa ni yule aliyeolewa naye. Yaani umeingia gizani ukajifanya mwenye nyumba. Kipengele hicho tunacho hata sisi Tanzania, kwenye kifungu cha 130 cha Kanuni ya Adhabu kama kilivyoandikwa upya mwaka 1998, na ukivisoma pamoja utadhani vimenakiliwa. Hata watunga sheria hudesa, jamani.

Sehemu ya pili ni kifungu cha 493: mwanaume anayemhadaa mwanamke aamini kwamba wameshaoana kihalali, wakati hakuna ndoa yoyote, kisha akaishi au akalala naye kwa imani hiyo. Adhabu yake ilikuwa hadi miaka kumi. Hiyo ndiyo ndoa ya maigizo, kuhani wa kukodi na mashahidi wa kukodi.

Ziangalieni vizuri hizo mbili. Zote zinamlinda mwanamke anayeamini kwamba TAYARI ni mke. Yule aliyeambiwa "utakuwa mke wangu" hayumo. Macaulay na wenzake hawakumwandikia kifungu chake.

Aliingilia mlango wa tatu, kifungu cha 90. Hiki hakizungumzii ndoa wala kitanda. Kinasema tu kwamba ridhaa si ridhaa ikiwa mtu ameitoa kwa kuogopa kuumizwa au kwa kuelewa vibaya jambo la hakika, na yule mwingine anajua, au ana sababu ya kujua, kwamba ridhaa imetoka kwa njia hiyo. Ni sentensi moja pana, ya kutumika kwenye makosa ya kila namna. Na upana huo ndio tatizo. Ahadi ya ndoa ni jambo la kesho, na jambo la kesho si "jambo la hakika", halijatokea bado. Nikikuahidi kukulipa deni lako bumu likitoka, halafu nisilipe, je, nilikudanganya siku ile, au nilibadilika baadaye?

Kuna jaji mmoja wa Uingereza, Bowen, aliwahi kulitatua hili mwaka 1885 kwenye kesi ya watu waliotapeliwa na kampuni. Alisema kwa ufupi kwamba hali ya akili ya mtu ni jambo la hakika sawasawa na hali ya tumbo lake. Nia uliyonayo sasa hivi ipo au haipo. Kwa hiyo mtu anayesema "nitakuoa" huku moyoni ameshaamua hataoa, huyo amesema uongo kuhusu jambo la LEO, nia yake mwenyewe. Shikeni hapo, maana miaka mia moja baadaye majaji wa India wamejikuta wamesimama palepale.

Lakini zile mahakama za kikoloni za karne ya 19 zilikuwa na shughuli nyingine na ndoa. Mfano maarufu ni Rukhmabai wa Bombay. Aliozwa akiwa na miaka kumi na moja. Alipokua akakataa kwenda kuishi na mume, na mwaka 1884 mume akamshitaki ili arudishiwe mkewe. Jaji wa kwanza alimwunga mkono binti, lakini mwaka 1887 mahakama ikamwamuru aende kwa mume au aende jela miezi sita. Akasema bora jela. Mwaka uliofuata wakamalizana kwa rupia 2,000, akaenda London kusomea udaktari, akarudi kuwa mmoja wa madaktari wa kwanza wanawake nchini India. Nimemleta huyu mama kwa sababu moja: kwa macho ya sheria ya wakati ule, ndoa ikishafungwa, ridhaa ya mwanamke ilihesabika imeshatolewa, hata kama alikuwa mtoto. Nje ya ndoa, ilianza kupimwa kwa mizani. Hilo halijaisha kabisa, nitarudi.

Turuke mpaka uhuru na baada yake. Mwaka 1972, katika kituo cha polisi jimboni Maharashtra, msichana wa jamii za Adivasi alifanyiwa unyama na polisi wawili. (Sitaji majina ya wanawake kwenye kesi hizi. India wenyewe mwaka 1983 waliweka kifungu cha 228A kinachokataza kumtaja mlalamikaji, na nadhani ni adabu nzuri.) Mahakama ya Juu, yaani ile ya mwisho kabisa iliyoko Delhi, iliwaachia huru polisi hao mwaka 1978. Hoja kubwa ilikuwa kwamba hakuonekana na majeraha wala hakupiga kelele, kwa hiyo inaelekea alikubali. Walimu wanne wa sheria, Upendra Baxi, Lotika Sarkar, Vasudha Dhagamwar na Raghunath Kelkar, wakaandika barua ya wazi mwaka 1979 kuishambulia hukumu hiyo. Ujumbe wao ulikuwa huu: kuridhia ni kitu kimoja, kunyamaza kwa kushindwa ni kitu kingine. Wanawake wakaingia barabarani miji mingi, na mwaka 1983 sheria ikabadilishwa. Adhabu ya chini ya ubakaji ikawekwa miaka saba, ingawa jaji aliweza kushuka chini yake akitoa sababu maalumu.

Naona raha nikifikiria kwamba ni WALIMU waliofanya hivyo. Wa kwetu wengine hata mtihani hawarudishi. Tuendelee.

Mwaka huohuo wa 1983 Mahakama Kuu ya Calcutta ikapata kesi ya ahadi ya ndoa. Mwalimu wa shule alikuwa akitembelea nyumba ya binti mmoja kijijini, akamwahidi ndoa, binti akashika mimba, mwalimu akaanza kupiga kalenda, leo kesho, leo kesho, mwisho akaingia mitini. Mahakama ikasema binti mtu mzima anayeendelea na uhusiano mpaka anapata mimba kwa kutegemea ahadi ya siku isiyojulikana hawezi kusema alielewa vibaya jambo la hakika. Ikaongeza kwamba ingekuwa tofauti kama ingethibitishwa kuwa tangu mwanzo kabisa mwanaume hakuwa na nia ya kuoa. Hukumu ile pia ilitumia lugha ya kumwonyesha binti kama mtu wa tabia za ovyo. Mwalimu hakusemwa hivyo.

Hapo ndipo kipimo kilipozaliwa: tangu mwanzo, alikuwa na nia au hakuwa nayo?

Kinasikika cha haki, eti? Hata mimi nilikipenda siku ya kwanza. Siku ya pili nikaanza kusoma jinsi kinavyotumika.

Mwaka 2003, kesi ya kutoka Karnataka. Binti wa miaka kama kumi na tisa, mwanafunzi wa chuo kama sisi hapa. Kijana ni rafiki wa kaka yake, anaingia nyumbani kwao kama ndugu. Wakapendana, akaahidi ndoa, ikatokea mimba, ndoa hakuna. Mahakama za chini zikamtia kijana hatiani. Mahakama ya Juu ikamwachia. Sababu? Walikuwa wa matabaka tofauti, yale ya Kihindu ya kuzaliwa nayo. Binti alijua hilo, alijua familia zitapinga, alikuwa na akili ya kutosha kuelewa anachofanya, na alikuwa anampenda. Kwa hiyo, wakasema majaji, alikubali kwa hiari yake na si kwa sababu ya ahadi peke yake.

Nilisoma aya hiyo mara tatu. Maana yake ni kwamba ukuta wa tabaka, ambao binti hakuujenga, umegeuzwa kuwa ushahidi dhidi yake. Alitakiwa ajue kwamba ahadi ya mtu wa tabaka lile haitatimia. Yaani alitakiwa kuijua jamii yake vibaya kiasi cha kutomwamini mpenzi wake! Na kijana je? Yeye ndiye aliyeahidi huku akiujua ukuta uleule. Kwa nini ujuzi wa kizuizi unaua madai ya binti lakini hauwi dalili kwamba mwanaume alijua tangu mwanzo ahadi yake ni hewa?

Mwaka 2004, kesi ya kutoka Bihar. Mahakama za chini zilimhukumu mshitakiwa, Mahakama ya Juu ikafuta hatia ya ubakaji, lakini ikasema kuvunja ahadi ni kosa la kulipia fidia, na mwanaume akatakiwa kulipa rupia 50,000. Hii sisi tunaielewa haraka, kwa sababu Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 inakuruhusu kudai fidia kwa ahadi ya ndoa iliyovunjwa. Madai, siyo jinai. Hukumu hiyo pia iliweka wazi kwamba uongo uliokusudiwa tangu mwanzo unaweza kabisa kuiua ridhaa. Mlango haukufungwa.

Na mwaka 2006 mtu akanaswa nao. Ilikuwa kesi ya kutoka Andhra Pradesh. Binti alikuwa akikataa, mwanaume akarudi na kurudi, mwishowe akaahidi ndoa. Mimba ilipoonekana, suala likafika kwenye baraza la kijiji. Mbele ya wazee mwanaume akakiri, akaahidi tena kwamba ataoa, akaomba muda kidogo. Akatoroka. Mahakama ya Juu ikasema huyu hakuwahi kuwa na nia, ikaacha kifungo kisimame. Kilichomponza ni kuahidi mara ya pili mbele ya mashahidi. Angeingia mitini mapema, bila kupita barazani, sijui kama wangempata.

Kisha 2013, kesi ya Haryana, ambayo kwangu ndiyo ngumu kuliko zote. Binti wa miaka kumi na tisa aliondoka kwao kwenda na kijana. Wakazunguka siku kadhaa, wakalala pamoja, halafu wakaanza safari ya Ambala wakafunge ndoa mahakamani. Polisi wakawakamata njiani. Kijana akafungwa kwa ubakaji. Mahakama ya Juu ilimwachia, kwa maelezo ya Jaji B.S. Chauhan ambayo sasa yananukuliwa kila mahali: kuna tofauti kati ya kuvunja ahadi na kutoa ahadi ya uongo, na mtu anaweza kuahidi kwa moyo safi kisha akashindwa kwa mambo yaliyo nje ya uwezo wake. Hapa mtu alikamatwa akiwa njiani kwenda kuoa! Kama huyu ni mbakaji, basi mwenye nia njema ni nani? Pale chumbani yule wa "wafungwe wote" nilimsomea kesi hii, akanyamaza, akasema, "Huyo mwacheni."

Nilijiuliza kesi kama hiyo inaanzaje. Jibu nililipata kwa mwandishi wa habari Rukmini S. wa gazeti la The Hindu, ambaye mwaka 2014 alichapisha uchambuzi wa hukumu za ubakaji zilizotolewa Delhi mwaka 2013. Kati ya kesi zilizosikilizwa mpaka mwisho, kama asilimia 40 zilikuwa za vijana waliokubaliana wenyewe, mara nyingi wametoroka pamoja, na wazazi wa binti ndio waliokwenda polisi. Kama robo nyingine zilikuwa za ahadi ya ndoa. Fikirini hapo. Neno zito kuliko yote kwenye kanuni ya adhabu linatumiwa na baba mwenye hasira kuvunja mapenzi ya binti yake na kijana wa tabaka lisilotakiwa. Na neno hilohilo ndilo pekee alilonalo binti aliyetapeliwa kweli. Wote wanapanga foleni kwenye dirisha moja la polisi.

Wakati huohuo adhabu zilikuwa zinapanda. Baada ya unyama wa Delhi wa Desemba 2012, kamati ya Jaji J.S. Verma iliandika ripoti yake chini ya mwezi mmoja, na sheria ya 2013 ikaeleza kwa mara ya kwanza ridhaa ya tendo la ndoa ni nini: makubaliano ya hiari yasiyo na utata, kwa maneno, ishara au njia nyingine. Uhuru wa jaji kushuka chini ya miaka saba ukaondolewa. Mwaka 2018 kima cha chini kikapanda hadi miaka kumi. Sasa jiweke kwenye kiti cha jaji mwenye kesi ya ahadi ya ndoa mbele yake. Miaka kumi au aende nyumbani, hakuna katikati. Na kwa kadiri ninavyoona, jaji asiye na katikati atatafuta sababu ya kuachia.

Mwaka 2019 ulileta hukumu mbili zinazotazamana. Aprili ndiyo ile ya daktari tuliyobishania, kutoka Chhattisgarh. Ilithibitika kwamba wakati anamwahidi binti, mipango yake ya kuoa mwingine ilikuwa tayari. Hakuna haja ya kupasua moyo wa mtu hapo. Hatia ikabaki, kifungo kikashushwa kutoka miaka kumi hadi saba, kwa kuwa tukio lilikuwa la kabla ya 2018.

Agosti ikaja ya Maharashtra, iliyoandikwa na Jaji D.Y. Chandrachud, na hapo kipimo kikapewa sura yake ya mwisho. Lazima ahadi iwe ya uongo tangu ilipotolewa, na lazima uongo huo ndio uliomfanya mwanamke akubali. Wawili hao walikuwa na uhusiano wa miaka mingi. Mwaka 2014 mwanaume alianza kusema tabaka ni tatizo, lakini uhusiano ukaendelea baada ya hapo. Akaja kuoa mwingine. Kesi ikafutwa hata kabla ya kusikilizwa: ahadi ilivunjwa, haikuwa ya uongo tangu mwanzo.

Mmeona? Mwaka 2003 tabaka lilikuwa jambo ambalo mwanamke alipaswa kulijua. Mwaka 2019 tabaka ni sababu ya mwanaume kubadili mawazo. Kila upande ukuta unapogeuzwa, kivuli chake kinamwangukia mwanaume, yeye anapumzika. Sisemi majaji walipanga hivyo. Chandrachud huyo ndiye pia alikuwa kwenye jopo lililofuta kosa la jinai la uzinzi mwaka 2018, kwa hoja kwamba mke si mali ya mume. Kisheria hata hukumu yake ya 2019 naiona iko sawa, ushahidi wa uongo wa tangu mwanzo haukuwepo. Lakini sheria inayoomba ushahidi wa moyo wa mtu itakubali ushahidi wowote ule ulio karibu, na ulio karibu siku zote ni maisha ya mwanamke: miaka yake, elimu yake, muda aliovumilia, alichojua kuhusu ndugu wa mwanaume.

Bunge nalo likajaribu. Desemba 2023 India iliiweka pembeni kanuni ya Macaulay baada ya zaidi ya miaka 160, na tangu tarehe 1 Julai 2024 inatumika mpya, Bharatiya Nyaya Sanhita. Yale ya zamani yamehamishiwa vyumba vipya: kifungu cha 90 sasa ni cha 28, cha 375 ni cha 63, ndoa ya maigizo iko cha 81. Kilicho kipya kabisa ni kifungu cha 69. Huyu binti wa "utakuwa mke wangu", aliyesahauliwa mwaka 1860, hatimaye ameandikiwa chake. Mwanaume anayelala na mwanamke kwa hila, au kwa kumwahidi ndoa bila nia ya kutimiza, ana kosa ambalo si ubakaji, na adhabu ni hadi miaka kumi na faini. Hila ni pamoja na kuahidi kazi au kupandishwa cheo kwa uongo, au kuoa kwa kuficha utambulisho. Hilo la utambulisho limewatia watu wasiwasi, kwamba litageuzwa fimbo ya kuwachapia vijana wa dini tofauti wanaopendana.

Mimi nimelipokea kwa nusu moyo. La kutenganisha na ubakaji ni jema, jaji amepata katikati aliyoikosa. Lakini soma tena: "bila nia ya kutimiza". Swali ni lilelile la Calcutta, limebadilishiwa namba ya kifungu tu. Na kuna kingine. Kanuni mpya imebakiza ule msamaha wa zamani kwa waume: mume hawezi kushitakiwa kwa kumbaka mke wake aliyefikisha miaka kumi na minane. Kwa hiyo mwanaume huyohuyo, kabla ya harusi sheria inamchunguza mpaka nia yake ya siri, na baada ya harusi haimuulizi hata kama mwanamke alisema hapana. Zimekuwepo kesi za ahadi ya ndoa zilizofutwa kwa sababu wawili wameoana kesi ikiendelea. Mtuhumiwa anageuka bwana harusi, na mlalamikaji anaingia kwenye nyumba ambayo ridhaa yake haina kifungu. Rukhmabai angeielewa hali hiyo bila kufafanuliwa.

Jana nikamweleza yule rafiki yangu. Tulikaa kwenye vimbweta mpaka mbu wakatufukuza. Nikamwambia kwa India ya leo huenda isingeitwa ubakaji, ingeangukia kifungu cha 69, kama ingethibitika yule bwana hakuwa na nia tangu siku ya kwanza. Akauliza mahakamani wangemuuliza nini. Nikamtajia: ulikuwa na miaka mingapi, ulikuwa mwaka wa ngapi chuoni, mlidumu muda gani, kwao uliwahi kupelekwa, ulijua wanataka mkwe wa dini yao?

"Nilijua," akasema. "Aliniambia mama yake atalainika."

"Basi wangekubana hapo."

"Na yeye wangemuuliza nini?"

"Siku ile ya kwanza alikuwa anawaza nini."

"Akisema alikuwa ananipenda kweli?"

Nikamwambia hapo wangeangalia meseji, barua, kama kuna posa, kama alishatoa hata kishika uchumba, kama kulikuwa na mwingine wakati huohuo.

Akakaa kimya kidogo. Kisha akasema mwingine alikuwepo, aliujua ukweli huo mwezi wa tatu, na meseji zote alizifuta siku hiyohiyo kwa hasira.